Watu Sitini Nyuma ya Asmani

Jumanne, 1 Julai 1913
Jumbe wetu alifariki juzi, Mungu amrehemu. Nafasi iko wazi! Bwana Luteni, yule Mjerumani, anakuja kutoka Usumbura, Ijumaa atachagua mwingine. Nani kama mimi, Asmani? Nusu ya milango ya Rumonge imetoka kwenye msumeno wangu. Mpinzani ni Radjabu tu, muuza mawese. Mke wangu Zuwena anasema nishukuru kwa mbao zangu, nitulie. Wanawake na utawala, wapi na wapi!

Jumatano, 2 Julai
Nimezunguka hadi Minago. Kila atakayesimama nyuma yangu Ijumaa atapata mlango wa mvule, bure. Wamekubali sitini! Milango nitaitoa wapi, sijui. Nikishakuwa jumbe nani atanidai? Radjabu yuko barazani kwake, anacheza bao. Maskini, amekata tamaa.

Ijumaa, 4 Julai
Aibu gani hii! Luteni aliuliza kila mmoja wetu ana watu wangapi wanaomtii. Radjabu akasema hana hata mmoja, mkewe mwenyewe hamsikilizi. Watu wakacheka, mimi zaidi. Nikasogea mbele, kifua nje.

"Sitini, Bwana. Nikisema twende, wanakwenda."

Akanipa mkono! Kisha akasema Kitega wanajenga boma na mbao hawana. Basi hao sitini wabebe mbao zote zilizolala uani kwangu, mimi niwaongoze, kesho asubuhi. Radjabu hana watu, kwa hiyo abaki kuangalia mji. Ndiye jumbe.

Zuwena amenifungia muhogo wa njiani, macho mekundu. Nami roho inaniuma, sikatai. Mbao za miaka miwili!

Jumanne, 8 Julai
Tuko milimani. Baridi. Watatu wametoroka, kwa hiyo nami nimebeba ubao. Bega limechubuka. Hakuna anayenisalimu. Hamissi, mpasua mbao wangu wa siku zote, amesema ule mlango wake nizikwe nao.

Jumatatu, 14 Julai
Kitega! Mbao zimefika zote. Bwana mkubwa wa hapa ametusifu sana. Kumbe ukanda wote wa ziwa unatafutiwa akida, na akida yuko juu ya majumbe wote. Juu ya Radjabu! Akaniuliza safari ijayo naweza kuleta watu wangapi. Hamissi akanivuta kanzu.

Nikasema mia mbili.