Nyungunyungu wa Dola Ishirini

Nyungunyungu watano, konzi ya udongo, kifuniko. Nyungunyungu watano, konzi ya udongo, kifuniko. Garlan Buechler alikuwa akijaza vikopo nyuma ya pikapu yake, kwenye uwanja wa kokoto kando ya bwawa, na asiyemjua angedhani ni mvuvi mwaminifu. Waliomjua walitazama kwanza makasha matatu ya barafu yaliyokuwa nyuma yake.

Ilikuwa Jumapili asubuhi. Jumapili, katika jimbo la Indiana, maduka hayauzi bia mpaka saa sita mchana, lakini samaki hawajawahi kuarifiwa sheria hiyo, nao huanza kula alfajiri. Basi kila Jumapili wanaume wazima husimama ukingoni na mishipi yao, na nyuso kama za wafiwa. Kununua bia Jumamosi wanaweza, na hununua. Tatizo ni kwamba huinywa Jumamosi hiyohiyo. Garlan aliwatazama miaka mingi kabla hajatambua kwamba huzuni ile ilikuwa mtaji.

Fedha za kununulia bia alizipata kwa kuweka rehani injini ya boti ya marehemu baba yake. Mwenye duka la rehani alimpa mpaka Jumatatu jioni. Baada ya hapo injini ingewekwa dirishani iuzwe, na shemeji yake Lonnie alikuwa ameshapita pale mara mbili kuipapasa.

Wa kwanza kusogea alikuwa Bwana Dilger, muuza magari yaliyotumika.

"Chambo bei gani?"

"Dola ishirini kikopo."

"Ishirini? Nyungunyungu wako wamesoma chuo kikuu?"

"Hawasafiri peke yao." Garlan aliinua kifuniko cha kasha, kiasi cha kuonyesha makopo yanayotoka jasho. "Anayenunua chambo, mimi nampa bia sita. Simuuzii. Nampa."

"Na sheria?"

"Sheria imekataza kuuza, bwana. Ukarimu haijaugusa."

Dilger alinunua vikopo viwili, akaenda kuwaita wenzake. Mtu akiipiga chenga sheria, raha yake haikamiliki mpaka apate mashahidi. Muda si mrefu ukingo wote ulikuwa na chambo cha kutosha kumaliza samaki wa kaunti nzima, na nyuso za wafiwa zilikuwa zimepata faraja.

Hapo likaingia gari la parokia. Lilikuwa likiendeshwa na Mama Vonda Kleiser, mkuu wa jiko la kanisa. Siku hiyo ilikuwa sherehe ya parokia: kuku wa kukaanga, supu, na banda la bia lenye kibali, kuanzia saa sita. Wateja wa banda hilo, kila mwaka, walikuwa ni wanaume hawahawa. Pembeni yake alishuka mpwa wake, Wininger, askari wa kaunti.

"Garlan," alisema Wininger, "unauza bia?"

"Mimi? Nauza chambo, afande."

"Na hizo?"

"Zawadi."

"Hazina bei?"

"Hata senti." Garlan aliwageukia watu wote, akapaza sauti, na hapo ndipo alipokosea, kwa maana anayedanganya kwa kunong'ona huweza kurudi nyuma, lakini wa sauti kubwa ameshajifungia mlango. "Mnisikie nyote. Bia hii ni bure kama hewa."

"Mungu akubariki, mwanangu," alisema Mama Vonda. "Wininger, fungua mlango wa nyuma."

"Ngoja, mama. Zawadi ni kwa mwenye kununua chambo."

"Rudia hapo," alisema Wininger, polepole. "Asiyenunua hapati?"

Garlan alitazama pingu kiunoni mwa askari.

"Anapata."

"Mtu yeyote?"

"Yeyote."

"Mimi ni yeyote tangu nizaliwe," alisema Mama Vonda, ambaye tayari alikuwa ameshika mpini wa kasha. "Shika huko, usinivunje mgongo."

Makasha yalipokwisha kupakiwa, Dilger alijikuna kidevu.

"Kama bia ni bure, ishirini yangu ilikuwa ya nini?"

"Ya chambo," alisema Garlan, kwa sauti ndogo.

"Chambo dukani ni dola nne. Shika nyungunyungu wako, nipe hela yangu."

"Na bia?"

"Zawadi hairudishwi, Garlan. Hukufundishwa adabu?"

Wenzake wakapanga foleni nyuma yake, kila mtu na vikopo vyake.

Kengele ya saa sita ilimkuta Garlan ameketi kati ya nyungunyungu, jua utosini, koo limekauka. Akatembea mpaka kwenye sherehe, akasimama mbele ya banda, ambako Mama Vonda alikuwa akiuza.

"Bia moja, mama."

"Dola tano."

Aliligeuza kopo mkononi. Lilikuwa bado na chembe za barafu yake.

"Mama Vonda, hii ni..."

"Ni nini?"

Wininger, aliyekuwa akila paja la kuku hapo kando, aliacha kutafuna.

"Ni baridi vizuri," alisema Garlan, akalipa.

Mama Vonda alimsogezea kikopo chenye kifuniko. "Na hii ni zawadi. Ilikuja na makasha."

Garlan alikunywa. Mama Vonda alimtazama mpaka kopo likaisha.

"Baba yako alikuwa akituletea kambale kila sherehe," alisema. "Kwa injini ile. Masufuria yale nyuma, yote, yakiwa safi kesho mchana, parokia italipa pesa za kuikomboa. Duka la rehani hufungwa jioni."

Garlan akakunja mikono ya shati. Baada ya sufuria la pili akainua kichwa.

"Mama, hivi maduka yakiacha kuuza bia leo saa mbili usiku..."

"Osha sufuria, Garlan."

Akaosha. Lile kubwa la supu lilikuwa na ukoko uliogandamana. Akalijaza maji, akaliacha lilowe mpaka kesho. Kikopo akakiweka kivulini, akawanyunyizia nyungunyungu maji kidogo, maana injini ikirudi, nao huenda wakawa na kazi Jumanne.