Uzinduzi wa Kituo cha Tezi ya Shingo, Kasuku

Waheshimiwa watawala wa jimbo la Maniema, ninyi mliofika na ninyi mliotuma viti vyenu vifike. Wakubwa wa komini ya Kasuku, hapa mjini Kindu. Mapadri, wachungaji na masheikh, kwa kadiri mlivyokaa karibu na feni. Wafanyabiashara wetu kutoka Kivu ya Kaskazini. Mama zangu wa Kailo. Waendesha pikipiki, zimeni moto. Na wewe mke wangu Geneviève, uliyepiga pasi suti hii: salamu, na salamu tena! (Makofi. Pikipiki moja haizimwi.)

Mimi, Jérémie, Koordinateri wa Jimbo wa Proje ya Tezi ya Shingo, ninayo heshima isiyopimika kuwaelimisha. Hapa, chini ya koromeo (anagusa tai), kuna tezi yenye umbo la kipepeo. Inachukua iode, yaani yale madini ya kwenye chumvi ya dukani, ikiletewa na damu, na kwayo inatengeneza homoni zinazouambia mwili utumie chakula kwa kasi gani, upate joto kiasi gani, moyo upige mbio au polepole. Zikipungua, muntu anasikia baridi Kindu saa sita ya mchana, na anachoka bila kufanya kazi. (Sauti: "Sawa vile bantu ya ofisi yenu!" Vicheko.) Asante, baba, kwa kufuatilia kwa makini.

Wala tezi haijiamulii. Ubongo unapima damu. Ukiona homoni ni kidogo, unaiagiza tezi ndogo iliyo chini yake, nayo inatuma amri shingoni: fanyeni kazi! Homoni zikitosha, amri zinapunguzwa. Hakuna mkutano, hakuna misheni, hakuna posho ya safari. Mimi niliposoma hayo nilisikitika sana.

Lakini iode ikikosekana, amri zinaendelea kumiminika, tezi inahangaika, inavimba, inazidi kuvimba, na homoni bado hazitoshi. Hiyo njo goitre, yaani rovu, uvimbe wa shingo. Mnakumbuka miaka ya vita, reli imekatika, mto umefungwa, chumvi imepotea, tukawa tunachoma majani ya mtoni tupate majivu ya kutia mbogani? Shingo zikaanza kuvimba, na mimi, kwa uchungu wa taifa, nikaunda komite. Tulianza watu watatu. Leo hatuenei katika ukumbi wowote wa Maniema, na ripoti ya kwanza bado inaandaliwa kwa nguvu zote! (Kicheko kirefu, kinachoanzia kwa mama wa Kailo.)

(Mama Françoise wa Kailo, mwenye shingo iliyovimba tangu vita, anasimama: "Bwana Koordinateri, radio ilisema leo munafungua kituo, munapima bantu. Shingo yangu njo hii, ata kumeza chakula ni taabu. Kituo iko wapi?")

Mama, hilo ni swali la kimaendeleo! Tazama kikwembe ulichojifunga, kile tulichogawa asubuhi. Juu ni uso wangu. Chini ya uso wangu ni jengo la ghorofa mbili, la kijani, lenye maua. Asilimia tisini na tano ya bajeti ya chumvi na vipimo imeingia kwenye kitambaa hicho, na ndiyo maana rangi yake haichuji! (Mama Françoise anakikagua kikwembe: "Mulango naiona. Sasa nitaingia namna gani?" Uwanja mzima unacheka.) Mlango, mama, umepangwa katika awamu ya pili.

(Arsène, muuguzi, anaacha kiti chake na kumshika mama mkono: "Mama, twende ku hospitali, dokta iko. Panda pikipiki." Ni ile isiyozimwa. Watu wote wanasimama, wanashangilia mpaka inapotea kwenye vumbi.) Asanteni! Asanteni! Kaeni, jamani, sikutegemea kupendwa hivi!

Chumvi yenye iode! (Watu: "Kila nyumba!") Shingo nyembamba! (Watu: "Juu!") Komite! (Mbuzi analia.)

Nikihitimisha, namshukuru mwenye uwanja huu, anayeutaka kabla ya saa nane apande mihogo yake. Na kwa namna ya pekee namshukuru fundi Dieumerci, mchoraji wetu, aliyelichora jengo lile vizuri kiasi hiki bila kuliona. Hata mimi, waheshimiwa, natamani siku moja nilione.