Ombi la Kusajiliwa Kuwa Chombo cha Angani

Kwa Mkuu wa Kituo cha Kusikiliza Vyombo vya Angani

Ndugu Mkuu,

Pole na kazi. Mimi ni fundi cherehani, mama mzazi wa yule binti mrefu wa zamu ya asubuhi. Nimemwona gazetini amevaa hedifoni. Kakonda.

Malalamiko yangu ni haya:

1. Gazeti limesema mnasikiliza chombo kilichokwisha kuvuka sayari zote, na sasa kinaelekea nyota nyingine, ambako kitafika baada ya miaka elfu arobaini. Kikinong'ona tu, binti yangu anakisikia. Mimi niko mwendo wa saa mbili kwa basi, na wiki ya pili hii hajanipigia simu.

2. Simu yangu ni nzima. Naichaji kila asubuhi, kisha nailaza kifudifudi juu ya kopo la vifungo, isije ikadhani naingojea. Kumpigia mimi siwezi. Mtoto ndiye humtafuta mzazi.

3. Chombo kimezeeka, kwa hiyo mnakizimia mtambo mmoja mmoja ili kibaki na nguvu ya kusema. Mimi goti limezimika, sikio la kushoto limezimika, na uzi sindanoni natungiwa na jirani. Nani ameniandika gazetini?

4. Kilipopotea siku tano, hakuna aliyesema kinaringa. Mlisema huenda kimegeukia upande mwingine, mkaendelea kukiita. Kilipojibu mkakata keki. Mimi nikinyamaza, wanangu husema mama kanuna.

Kwa hiyo naomba nisajiliwe kuwa chombo cha angani, nipewe namba, na binti huyo apangiwe kunisikiliza. Ikibidi kurushwa, nirusheni. Kwenye nyota sina haja ya kufika; nataka tu kuulizwa nimefika wapi.

Uchungu wa mwana aujuaye mzazi, Ndugu Mkuu.

Nisalimie wote hapo kituoni, pamoja na mpishi wenu, ambaye naona hafanyi kazi yake.

Wako katika utii na manung'uniko,
Mama wa Zamu ya Asubuhi

N.B. Kabla ya kwenda posta nimepita kwa fundi simu. Anasema simu haina ugonjwa, ila niliizima sauti mwenyewe, nadhani siku ya harusi ya jirani. Ndani yake kuna simu arobaini na moja ambazo sikuzisikia, zote za binti yangu, ya mwisho ya leo asubuhi. Nimelia pale pale dukani mpaka fundi akanipa kiti. Nimempigia, hakupokea, maana yuko zamuni. Sikununa. Ombi langu nalifuta, na barua hii naileta mwenyewe kwa basi. Ukiisoma, ujue nimesimama getini na chakula chake, bado cha moto. Tafadhali aitwe.