Nyumba ya Bibi Anjela Bila Watu

Jamani, sogeeni hapa niwaambie. Leo nimeumbuka.

Kwa ambao hamjui kazi yangu: nachora mandhari ya katuni za televisheni. Wale wanyama wanaoongea na kucheza si wangu. Wangu ni ukuta, mti na njia iliyo nyuma yao. (Ndiyo, sehemu ambayo hakuna anayeitazama.) Wenzangu huweka wahusika juu yake baadaye, kwa hiyo mimi huchora mahali pasipo na mtu. Miaka yote hii sijachora hata pua.

Asubuhi nimeshuka kutoka Mbinga hadi Chiwanda. Katuni yetu mpya inahitaji nyumba ya kando ya ziwa, na ya Bibi Anjela ndiyo hasa. Ila bila ruhusa yake, haionyeshwi.

"Shikamoo, Bibi."

"Marahaba. Chora kwanza nione, ndipo nikujibu."

Nikapiga picha ua mzima: Bibi kwenye kigoda, mwanawe Beno akishona wavu, wajukuu, kuku. Nikaketi pembeni, kishikwambi mapajani, nikawa nachora juu ya ile picha huku nafuta watu. Beno akatoka. Wajukuu wakatoka, kuku nao. Mwisho nikamfuta Bibi, nikabakiza kigoda chake na moshi wa jikoni.

Kukawa kimya. Hata kuku hawakusikika. Nikainua macho.

Ua ulikuwa mtupu! Wavu chini. Kigoda peke yake. Mlango wazi, moshi unapanda wima, ziwa limetulia kama linasikiliza. Sawasawa na mchoro wangu.

Mwili ukanisisimka. "Bibi?" Nikaanza kubonyeza kitufe cha kurudisha kilichofutwa. (Mtu mzima, nina mke na watoto.) "Bibi, rudi! Nakurudisha!"

"Unanirudisha kutoka wapi?"

Sauti ilitoka nyuma ya shingo yangu. Nilipiga yowe ambalo sitalieleza. Familia nzima ilikuwa imesimama nyuma yangu, kuku miguuni pao, wakinitazama ninavyowamaliza mmoja mmoja.

Bibi hakucheka. "Moto unawaka, mlango wazi, watu hamna. Umetuzika wote, mjukuu wangu?"

"Hapana, Bibi! Wakazi wanawekwa baadaye."

"Wakazi gani?" akauliza Beno.

"Sungura."

"Mama, umesikia? Sisi tumekufa, sungura wamerithi!"

Bibi akanyoosha kidole. "Nirudishe kwa mkono wako mwenyewe. Nikijiona nimekaa hapo, nitakubali."

Nikachora, jasho linanitoka, majirani wanasogea. Nikamwonyesha. Akautazama mchoro, akamgeuzia mwanawe.

"Beno, huyu ni nani?"

"Nadhani ni gunia la mihogo, Mama. Limefungwa kilemba."

Ua mzima ukaangua kicheko. Bibi akashika mbavu.

"Nifute, mjukuu wangu. Bora tufe. Nyumba waachie sungura."

Basi ruhusa nimepata. Nimerudi Mbinga, lakini ule mchoro sijaufungua tena. Kile kigoda kitupu kinanitazama.

Msinicheke. Na wewe ukienda kuchora nyumba ya mtu, keti umeegemea ukuta, asisimame mtu nyuma yako.