Wayua, Asili Misri

Jumatatu, 8 Septemba

Nimepata mjukuu! Msichana! Kilo tatu na nusu, nywele kichwa kizima, pua yangu. Yangu kabisa! Kyalo wangu, niliyemlea peke yangu hapa Kaloleni, leo ni baba. Na sisi Wakamba, msichana wa kwanza hupewa jina la mama ya baba. Kwa hivyo ni Wayua, kama mimi. Maneno yamekwisha.

Jioni. Maneno hayajaisha. Lorraine, mke wa Kyalo, anasema mtoto wake hapewi jina bila yeye kujua maana. Mama yake, Phelister, akarukia hapo hapo: mtoto kazaliwa saa nne asubuhi, kwa Wajaluo huyo ni Anyango, jina linajieleza. Kisha akaniuliza, kwa upole wa kuudhi, na Wayua je, Mama Kyalo, maana yake nini? Nikakohoa. Nikakohoa mpaka nesi akaniletea maji.

Jumanne, 9 Septemba

Maana naijua. Kwa Kikamba, yua ni njaa. Marehemu mama alinizaa mwaka wa njaa, akaniita hivyo. Sasa hiyo utamwambiaje Phelister? Nikaingia kwenye simu. Mtandao mmoja wa majina ya watoto unasema: Wayua, asili Misri, maana Malkia wa Jua. Misri! Nimesoma mara tatu. Marehemu mama alikuwa mtu mwema, lakini hakuwa na bando.

Jumatano, 10 Septemba

Soko la Kariokor asubuhi. Fundi Wahome amenichapia kwenye kipande cha ngozi, herufi kubwa: WAYUA, MALKIA WA JUA. Nimeshona utepe mwekundu. Majirani wote wameona, hata wasiotaka. Lorraine ameshika, ametabasamu. Phelister akasema ngozi inanuka. Wivu!

Ijumaa, 12 Septemba

Balaa. Mzee Mativo, mwalimu mstaafu wa nyumba ya pili, kaja kuona mtoto. Mkamba mwenzangu! Kasoma ngozi, kacheka mpaka miwani ikaanguka. Akauliza tangu lini njaa ikavaa taji. Akawaeleza wote, polepole, kama darasani. Phelister angenitukana ningemjibu. Yeye akanimiminia tu chai, akaongeza sukari.

Nikakimbia kwa Wahome afute. Akasema, mathe, ngozi si ubao.

Jumapili, 14 Septemba

Sikulala vizuri. Baada ya kanisa nikabeba muthokoi wangu, mahindi yaliyokobolewa na maharagwe, kama ninavyompelekea Lorraine kila siku tangu ajifungue. Nikamwambia yote. Kwamba nilijua. Kwamba niliona haya mtoto kubeba njaa. Nikasema aitwe tu Anyango, ni jina zuri.

Lorraine akacheka huku anakula. Akasema siku ile ya uchungu alikuwa na njaa tangu jana yake, angekula hata pazia, na kitu cha kwanza kumfikia tumboni kilikuwa muthokoi wangu. Kama huyu si mtoto wa njaa, akauliza, ni nani mwingine? Wameshakubaliana na Kyalo: Wayua Anyango. Wayua mbele! Nikalia kidogo. Phelister akalia zaidi. Hata kwa kulia lazima ashinde.

Jumatatu, 15 Septemba

Nimejifunza. Ukweli ni kitu kizuri, na Phelister ana roho safi. Ile sukari sijaisahau. Anastahili zawadi. Nikarudi kwenye mtandao ule ule, nikaangalia jina lake. Phelister: asili Wafilisti, maana Binti wa Ukoo wa Goliathi. Kumbe mwenzangu ana ukoo mkubwa hivyo, na hajawahi kujisifu!

Wahome anachapa maneno hayo nyuma ya ngozi ile ile. Kauliza mara mbili kama nina uhakika. Nikamwambia imeandikwa.

Mativo hajaalikwa kwenye sherehe ya mtoto. Wengine wote wanakuja, wa kwetu na wa kwao, na nitamkabidhi Phelister mbele yao nikiisoma kwa sauti: Jumamosi, tarehe ishirini, saa nane mchana.