Kumlilia Bibi wa Watu

Jumanne, 4 Machi
Muuza nyanya wa Kejetia kaninyima nyanya. Leo tena! Kasema mbele ya soko zima kuwa mama aliyemla mkwe wake kichawi hatakula nyanya zake. Nikamwambia, dada, ile ni filamu. Akajibu filamu au si filamu, mkwe alikufa na yeye aliona kwa macho yake.

Miaka kumi na moja mimi Frempomaa naigiza mchawi. Nimechoka! Sasa Bwana Addae, mtayarishaji wangu, anapiga filamu mpya yenye mama mwema. Anasali, anafariji wafiwa, analia machozi ya huruma. Nafasi yangu hiyo! Nikaenda kuiomba. Kacheka mpaka soda ikamtoka puani. Ati nikifumba macho kusali, watazamaji watajua naloga. Anamfikiria Afia Dufie. Dufie! Hawezi kutoa chozi bila kitunguu mkononi.

Alhamisi, 6 Machi
Sikukuu ya Uhuru. Wenzangu wanatazama gwaride, mimi nawaza. Nimepata! Bibi yake Addae anazikwa Jumamosi. Watu wote wa filamu hapa Kumasi watakuwepo. Nitamlilia bibi wa watu machozi ya kweli, Addae ajionee.

Mpwa wangu Pokuaa anapinga. Anasema bibi kafa na miaka tisini na nane, watu watavaa nyeupe na kucheza, nani alie? Ndiyo maana, nikamwambia, chozi langu litaonekana! Akasema, "Hilo ndilo linaloniogopesha, shangazi." Mtoto hana jicho la sanaa.

Nimefanya mazoezi chumbani. Jirani kaja mbio na maji ya kunywa, anauliza nani kafa. Niko tayari.

Jumamosi, 8 Machi
Aibu! Aibu tupu!

Nimekwenda na nyekundu na nyeusi, vazi la mwenye uchungu. Chini ya maturubai wote weupe pe, matarumbeta yanalia, vikongwe wanakata viuno. Dufie kajipamba utadhani biarusi. Nikajitupa chini mbele ya picha ya marehemu. Nana, bibi yetu! Umeondoka mapema mno!

Matarumbeta yakanyamaza. Nikajua nimewashika.

Mama mmoja wa ukoo akauliza, miaka tisini na nane, nani anaiita mapema kama si anayejua alivyokufa? Mwingine akanitambua. "Si ndiye yule wa kwenye filamu? Kamla bibi yetu, halafu anakuja kulia!" Viti vikasogezwa nyuma. Mchungaji akanimwagia mafuta ya upako kichwani. Hapo nikalia kweli, maana roho iliniuma. Kila nikizidi kulia, wanazidi kuamini.

Nani akanikumbatia? Dufie! Kapiga magoti kwenye vumbi na nguo yake nyeupe, kanifuta mafuta, kawasihi waniache, mimi ni binadamu kama wao. Simu zote zinarekodi. Addae kasimama mdomo wazi. Na Dufie analia. Bila kitunguu.

Jumapili, 9 Machi
Addae kapiga simu baada ya ibada ya shukrani. Mama mwema ni Dufie. Mimi kanipa mchawi anayemlilia mtu aliyemla mwenyewe. Anasema mji mzima umeshaniona kwenye simu na wanaisubiri filamu kwa hamu. Nikamwambia siwezi, nina heshima zangu. Kisha nikamuuliza tunaanza lini.

Nimelia kidogo peke yangu jikoni. Kulia kuzuri kuliko kote, na hakuna aliyeona. Hasara!

Pokuaa anasema nitulie. Nitulieje? Nimesikia mwongozaji mmoja mkubwa wa Accra anamzika babu yake Jumamosi ijayo. Mzee wa miaka mia na moja! Nimeshaona kosa langu: ni ile rangi ya nguo tu. Safari hii navaa nyeupe, na nalia zaidi.