Miayo Yangu ya Sekunde Tisa

Kwa Ndugu Msimamizi wa Maktaba ya Filamu za Zamani,

Nakusalimu kwa heshima, na pole kwa vumbi la makopo hayo ya filamu. Mimi ni fundi cherehani. Miaka ishirini iliyopita nilikuwa kwenye foleni ya posta, nikapiga miayo, na mpiga picha wenu akanidaka. Ni sekunde tisa tu. Tangu hapo mnampa kibali kila mtengeneza filamu anayeziomba, nami nimeteseka hivi:

1. Kwenye filamu ya njaa, njaa yenyewe ni mimi. Ndugu, siku ile nilikuwa nimekula hadi nikalegeza mkanda. Miayo ile ilikuwa ya shibe.

2. Kwenye filamu ya ukosefu wa kazi, wakasema nimekata tamaa, na sindano inaonekana kabisa kwenye kola yangu. Wateja wawili wakaja kuchukua vitambaa vyao.

3. Kwenye filamu ya kipindupindu nilikufa. Shemeji yangu alianza kulia tangu kona ya mtaa, akanikuta napiga pasi. Hadi leo ananinunia kwa kumpotezea machozi.

4. Hili ndilo lililonishikisha kalamu. Mwezi jana mmetoa kibali kwa filamu ya ulevi. Mimi, ambaye hata dawa ya kikohozi hunipepesua! Wazee waliokuja kumposa binti yangu wameiona, na sasa eti wanatafakari. Binti mwenyewe halalamiki, anairudia tu filamu hiyo kimya kimya, na hilo linaniuma zaidi.

Nilifika ofisini kwenu. Karani wako, mama mpole sana, akafungua daftari nikasoma nilivyoandikwa: "Mwananchi, matumizi yote." Ndugu, hata chumvi, pamoja na sifa zake, haitiwi kwenye kila kitu.

Kwa hiyo naomba, kwanza, barua yenye muhuri kwa wazee hao, ithibitishe kwamba nilikuwa nimeshiba. Pili, sekunde zangu zichomwe moto mbele ya macho yangu. Kiberiti nitakuja nacho. Mkikataa, nitakaa mlangoni kwenu nikipiga miayo kila siku mpaka ofisi nzima iambukizwe.

Nisalimie karani, na mlinzi wa getini aliyenikumbuka kutoka filamu ya njaa akanigawia mkate wake.

Wako nisiye na hatia,
Fundi Cherehani
(kwenu: Mwananchi)

Nyongeza: Binti amesoma barua hii kabla sijafunga bahasha, akaniuliza, "Na mama je?" Kumbe mimi huzima televisheni mdomo wangu unapofunguka, kwa aibu. Yeye huangalia mpaka mwisho. Amenionyesha: sekunde ya nane, nyuma yangu kwenye foleni, marehemu mke wangu anageuka na kunicheka. Alichukia kupigwa picha, hatuna nyingine. Basi msichome kitu. Toeni kibali kwa yeyote, hata kwa filamu ya wezi wa kuku, ila sekunde zote tisa zionyeshwe. Na wazee wale waambieni wasinitazame mimi. Wamtazame anayecheka, ndiye mama wa bibi harusi.